Filamu moja kwa mwaka: hesabu za mhadhiri anayeshuti Nyanda za Juu Kusini

Bandika almanaki ya chuo ukutani, kisha chukua kalamu ya bluu uchore mvua juu yake. Iringa na Mbeya zina msimu mmoja tu wa mvua: zinaanza Novemba, zinakaa hadi Aprili, na kule Tukuyu zinavuka Mei na kuacha manyunyu ya Juni. Muhula wa kwanza wa vyuo vingi unaangukia humo humo. Wa pili unaanza mvua zikiwa bado nzito, unaishia Julai kwenye baridi ya kuuma masikio. Likizo ndefu, Agosti hadi Oktoba, ni kiangazi. Kwa mwenye kamera hii ni bahati kubwa, ila likizo hiyo kwenye karatasi ni ndefu kuliko ilivyo.

Tuitoe kidogo kidogo. Darasa la wanafunzi 300, kijitabu kimoja cha majibu dakika 8, ni saa 40 za kukaa kitini, na hiyo ni kozi moja. Halafu usimamizi wa fildi, yaani wanafunzi walio kwenye mafunzo kwa vitendo. Kwa walio vitivo vya ualimu hii ndiyo nyundo, maana unaweza kupangiwa shule za Makete na Ludewa wiki nzima kwa wiki nzima. Halafu supu za Septemba, yaani mitihani ya marudio: kutunga, kusimamia, kusahihisha, kusubiri matokeo yapite idarani hadi seneti. Mbeya ongeza na Nanenane. Kuanzia tarehe 1 hadi 8 Agosti viwanja vya John Mwakangale vinajaa, nyumba za wageni upande wa Uyole zinajaa, na spika za matangazo zinaingia kwenye kila maiki. Kinachobaki ni siku 15 hadi 20, nyingi zikiwa kati ya tarehe 10 Agosti na mwisho wa mwezi. Oktoba usiitegemee: mashamba yanachomwa, moshi unafunika milima, na picha ya mbali inatoka kama imepakwa majivu.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inatoa likizo ya mwaka ya siku 28, sikukuu zikihesabiwa humo humo. Zitumie hizo kwa kushuti, kwa maandishi. Kushuti kwa kuibia siku za kazi kunaonekana haraka katika mji ambao nusu ya wapita njia uliwahi kuwafundisha.

Kazi za filamu ziko za aina mbili. Kuna zinazokatika vipande: kuandika skripti, kutafuta maeneo, kuediti, kusafisha sauti, kuandika maombi. Hizo zinaingia kwenye saa mbili mbili za jioni, muhula ukiendelea. Na kuna isiyokatika, nayo ni moja tu: kushuti. Watu saba na waigizaji wanne hawawezi kukutana kila Jumamosi kwa miezi mitatu. Nywele zinakua, nyasi zinakauka, mwigizaji anahamishiwa kikazi Songea. Wengi wanaosema kufundisha kumewashinda kuunganisha na filamu walijaribu kuikata hii ya pili.

Ukubwa wa filamu nao unatokana na siku, wala usianzie kwenye hadithi. Ukurasa mmoja wa skripti iliyopangwa vizuri ni kama dakika moja kwenye kioo. Timu ndogo isiyolipwa vizuri inamaliza kurasa mbili na nusu hadi tatu kwa siku, ikihama eneo mara moja tu. Kwa siku tano unapata kurasa 12. Weka siku ya sita tupu, ya kurudia kilichoharibika. Skripti ya kurasa 30 ni ya mtu mwenye mwezi mzima na mfadhili.

Tena skripti za wahadhiri zina ugonjwa unaojulikana: wahusika wanaongea kwa aya. Chukua sini, yaani onesho moja la filamu, ya baba wa Rungwe aliyeamua kuuza shamba la chai. Katika rasimu ya kwanza mtoto anasimama mlangoni na kueleza nusu ukurasa kuhusu haki ya ardhi, bei ya majani mabichi na vijana kukimbilia mjini. Hayo ni maelezo ya darasani yaliyovishwa jina la mhusika. Katika rasimu ya tatu mtoto anawakuta wanunuzi wamekaa sebuleni, anachukua kikapu cha kuchumia chai kilichokuwa nje, anakiingiza ndani, anakiweka katikati ya miguu yao, anakwenda kunawa mikono. Basi. Kwa kila rasimu fanya jaribio moja: ziba maneno yote, soma vitendo peke yake. Hadithi ikipotea, bado unaandika mhadhara.

Vibali vinaanza Mei, maana Julai umezama kwenye mitihani. Filamu inaongozwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Na. 4 ya 1976, na kibali cha kushuti kinatoka Bodi ya Filamu. Andaa skripti, muhtasari wake, orodha ya watendaji na waigizaji, maeneo na tarehe. Ukikipata, nakala zake zipeleke kwa Afisa Utamaduni wa halmashauri, kisha kwa mtendaji wa kata na mwenyekiti wa mtaa au kijiji. Huyu wa mwisho ndiye atakayejibu simu siku jirani anapolalamika, kwa hiyo mpelekee ratiba yenye tarehe na saa. Kitulo na Ruaha ni hifadhi za taifa, unazungumza na TANAPA, shirika linalozisimamia. Msitu wa asili wa Mlima Rungwe uko chini ya TFS, wakala wa huduma za misitu. Droni ina kibali chake kutoka TCAA, mamlaka ya usafiri wa anga, na kupatikana kwake kunachukua muda kuliko watu wanavyodhani. Kama picha ya juu ni moja tu, panda kilima. Sini yenye kombati za jeshi iondoe mapema, mavazi hayo raia hayavai.

Hapa mhadhiri ana mtego wake mwenyewe. Barua ya utambulisho wa utafiti hufungua milango vijijini, na inatia tamaa kuitumia kushutia. Usiitumie. Kibali cha utafiti hakifuti kibali cha filamu. Tena fomu ya ridhaa ya utafiti kwa kawaida inamwahidi mtu kwamba jina lake litafichwa, wakati filamu inaonesha sura yake, sauti yake na mlango wa nyumba yake. Bibi wa Kalenga aliyekubali kuhojiwa kwa ajili ya tasnifu hajakubali kuoneshwa kwenye kioo. Andaa fomu nyingine, kwa Kiswahili, isiyozidi ukurasa mmoja: nini kinarekodiwa, kitaoneshwa wapi, analipwa kiasi gani, na hadi lini anaweza kujitoa. Msomee kwa sauti, na umwachie nakala.

Wanafunzi ni nguvukazi iliyo karibu, wana hamu, na wengine wana vipaji kuliko walimu wao. Lakini mwanafunzi ambaye bado unamsahihisha hawezi kukukatalia. Kanuni ninayoiona salama ni hii: usimwite yeyote ambaye matokeo yake kwako hayajapita seneti, umlipe kama unavyowalipa wengine, hata kiasi kikiwa kidogo, na majina ya waliochaguliwa mkuu wa idara ayajue kabla ya siku ya kwanza. Sini za mapenzi au za kuvua nguo kati ya mwalimu na mwanafunzi wake, hata aliyehitimu mwaka huo, ziache kabisa. Vifaa vya chuo navyo vina karatasi zake. Ukitumia kamera au studio ya idara, pata barua inayosema filamu ni ya nani kabla hujawasha chochote.

Sasa siku yenyewe. Mbeya iko magharibi kuliko Dar es Salaam kwa karibu nyuzi sita za longitudo, na saa ni ile ile, kwa hiyo jua linachelewa kwa dakika 20 na ushee. Katikati ya Agosti linachomoza Mbeya karibu saa 1 kamili asubuhi na kuzama kama saa 12:45 jioni. Iringa kila kitu kinatangulia kwa dakika 9 hivi. Milima inaongeza ucheleweshaji wake, hivyo eneo lilalie siku moja kabla na uangalie mwanga unagusa ukuta saa ngapi hasa. Karibu na ikweta jua halikawii. Mwanga laini wa dhahabu unadumu kama dakika 35, basi. Ni sini moja, pembe mbili, mazoezi yakiwa yamefanyika gizani. Kati ya saa 5 na saa 9 jua liko juu, macho ya waigizaji yanakuwa mashimo meusi. Muda huo shuti ndani, au kula.

Baridi ya asubuhi inakula betri. Betri ya lithiamu iliyolala kwenye begi ndani ya gari, Uyole au Mafinga, inaweza kuonesha imepungua ilhali ulichaji ikajaa. Haijafa: kemikali zake zimezubaa, na ikipata joto inarudi. Timu itembee nazo kwenye mifuko ya ndani ya makoti. Jambo la pili linawashangaza wageni. Kamera iliyokaa nje saa mbili kwenye umande wa Kitulo ikiingizwa jikoni penye moto wa kuni, lenzi inafunga ukungu papo hapo, na unyevu huo huo unaingia ndani usikoweza kufuta. Kabla ya kuingia, ifunge kamera kwenye mfuko wa nailoni mzito, utoe hewa, uuache ndani kwa dakika 30 hadi 40. Umande utatanda juu ya nailoni badala ya kioo cha lenzi. Ukungu uliokwisha kuingia usiufukuze kwa kupuliza hewa ya moto. Subiri.

Mipangilio ya kamera haihitaji mjadala mrefu. Fremu 25 kwa sekunde, shata (muda wa kila picha kupokea mwanga) 1/50, kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50 na taa za mirija hucheza ukitumia namba isiyolingana nao. Ukirekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde, saa moja ni GB 45. Filamu ya dakika 12, ukirekodi mara nane ya unachohitaji, ni dakika 96, yaani GB 72. Nakala tatu ni GB 216: mbili kwenye diski mbili tofauti, ya tatu inalala ofisini au kwa jirani. Kadi isifutwe hadi mtu wa pili afungue faili kwenye kompyuta na kuzicheza. Kuona majina ya faili tu hakutoshi, na diski zote zisipande basi moja ndani ya begi moja.

Sauti ndiyo inayoziangusha filamu nyingi za huku. Upepo wa Agosti unapiga maiki kama makofi, na sponji jeusi lililokuja nayo halisaidii. Maiki inahitaji koti la manyoya. Maiki ya kifua ifiche chini ya nguo kwa plasta, waya ukiwa na kitanzi kidogo ili kitambaa kisiuvute. Rekodi kwa 48 kHz, biti 24, vilele vya sauti vikigota kwenye -12 dB. Kabla ya kuondoka kila chumba, watu wote wasimame kimya kwa sekunde 45 na mrekodi ukimya wa pale. Mhariri atakushukuru Desemba. Bati nalo lina tabia yake: jua likipanda, kati ya saa 3 na saa 4 linatanuka na kulia tak, tak, na jioni linafanya hivyo tena likipoa. Katika nyumba isiyo na dari sini ya mazungumzo ya chini chini ipangwe katikati ya vipindi hivyo. Jenereta liweke nyuma ya nyumba ya tatu, au liache. Taa ya LED ya wati 30 inakwenda saa moja na nusu kwa betri moja ya NP-F970, na betri nne zinatosha sini za usiku kwenye chumba kidogo.

Timu ya watu saba inatosha: mwongozaji, mpiga picha, msaidizi wake anayeshika fokasi na kadi, wa sauti, wa taa, wa mwendelezo, na wa chakula na usafiri. Wahadhiri hupenda kumkata wa mwendelezo kwa kudhani watakumbuka. Hawakumbuki. Ni yeye anayejua kikombe kilikuwa mkono gani na vifungo vingapi vilikuwa wazi. Chakula nacho, cha moto, mara mbili kwa siku. Timu yenye njaa kwenye baridi ya Julai na Agosti inakasirika saa 10 jioni, na ndiyo saa uliyokuwa unaingojea kwa mwanga.

Kuigiza ndani ya filamu unayoiongoza kunawezekana, ila sini zako zipange siku ya pili na ya tatu. Siku ya kwanza timu bado inajifunza kasi yako, na ya mwisho utakuwa umechoka usoni. Mtu mwingine asimame mahali pako wakati wa kupanga taa, na baada ya kurekodi angalia marudio mara moja tu. Ukianza kuangalia kila jaribio, siku imekwisha.

Uigizaji wa mwalimu una alama zake, na kamera inaziona zote. Anatamka kila silabi. Ananyamaza mwishoni mwa sentensi, kana kwamba kuna watu wanaandika. Mkono wa kulia unaelea hewani ukishika chaki isiyokuwepo. Sauti inalenga kiti cha nyuma wakati mwenzake yuko nusu mita. Dawa ni kufanya mazoezi ya maneno huku mikono ina kazi: kumenya viazi, kukunja nguo, kukoroga ugali. Maneno yanashuka yenyewe. Na koo lipewe likizo: aliyefundisha kwa saa tatu bila kipaza sauti mbele ya watu 300 asipangwe kuigiza kesho yake. Akipangwa, asinong'one akidhani anajihifadhi, kwani kunong'ona kunazidi kukwaruza. Maji ya uvuguvugu, kunyamaza, na mvuke vinatosha.

Kuigiza kwenye kazi za wengine ni hesabu ya barabara. Sehemu kubwa ya kazi iko Dar es Salaam, kilomita karibu 500 kutoka Iringa na zaidi ya 800 kutoka Mbeya. Basi la Mbeya ni siku nzima, na lori moja likilala kwenye kona za Kitonga ni siku na usiku. Siku mbili za kushuti ni siku nne za kukosekana kazini. Kwa hiyo usaili fanya kwa video: ukuta usio na picha, mwanga wa dirisha mbele yako, simu imelala kwa upana, jina na urefu wako mwanzoni, jaribio moja au mawili. Ukichaguliwa, omba siku zako zikusanywe pamoja na ziandikwe kwenye mkataba, pamoja na nani analipa usafiri zikiahirishwa. Tamthilia za televisheni ninazipinga wakati wa muhula. Ratiba inabadilika siku mbili kabla, na mhusika wako akipendwa hutoki. Andika pia tarehe utakayoruhusiwa kunyoa. Kidevu chenye ndevu za mganga mbele ya wanafunzi wa hisabati si dhambi, ila ujue kitakuwa nawe hadi lini.

Njia yenyewe si ngeni nchini. Amandina Lihamba alifika uprofesa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam huku akiandika tamthilia, akiongoza na kuigiza, na yumo katika Maangamizi ya 2001. Martin Mhando, aliyeiongoza pamoja na Ron Mulvihill, alikuwa pia mwanazuoni Chuo Kikuu cha Murdoch, Australia. Ila wote wawili walifundisha kile kile walichokitenda. Mwalimu wa fasihi katika chuo kikuu kishiriki cha Mkwawa, Iringa, anaweza kuigeuza filamu yake kuwa makala kuhusu lugha au maonyesho. Mwalimu wa uhandisi MUST, chuo kikuu cha sayansi na teknolojia cha Mbeya, hana daraja hilo, filamu yake ni kazi ya pili kweli kweli, na ajipangie filamu moja kila miaka miwili. Kwa vyovyote usidhani filamu itahesabika yenyewe kwenye kupandishwa cheo. Soma mwongozo wa chuo chako, kisha uweke shajara ya utayarishaji tangu siku ya kwanza: uamuzi gani ulifanywa, kwa nini, nini kilikataa. Kurasa 40 za shajara ni data. Kumbukumbu ya mwaka jana haimtoshi mhakiki wa jarida.

Kuediti kunaingia Septemba hadi Januari, jioni mbili kwa wiki, saa mbili kila moja. Wiki tatu za kwanza ni za kutazama na kuandika majina ya vipande, hakuna kukata. Tengeneza faili nyepesi za kueditia ili laptopu ya kawaida isikwame, na uwe na UPS, betri ya akiba ya dakika chache, ya kuhifadhi kazi umeme ukikatika. Mstari wowote wa sauti unaohitaji kurekodiwa upya urekodiwe kabla ya katikati ya Novemba. Mvua zikishaanza kupiga bati, chumba cha kurekodia hupati hadi usiku wa manane.

Filamu ikikamilika, isipande YouTube kwanza. Baadhi ya matamasha hukataa kilichokwisha kuonekana mtandaoni, na ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar linalofanyika tangu 1998, hufunga maombi miezi kadhaa kabla ya tamasha lenyewe la katikati ya mwaka. Onesha darasani ukitaka, kwenye projekta, faili ikibaki kwako. Na barua ya kuomba likizo ya Agosti inayofuata ifike mezani kwa mkuu wa idara Machi, kabla hawajakaa kugawana shule za fildi.